Mto mfupi wa Chicago ulivyomfundisha mkulima thamani ya stakabadhi

MKULIMA wa korosho wa Mtwara au Lindi anapofikisha mzigo wake kwenye chama cha msingi, hufanyiwa mambo matatu. Korosho zake hupimwa uzito, hukaguliwa ubora na kupangiwa daraja, kisha hupewa karatasi. Anapoondoka, gunia limebaki nyuma. Ada za shule, deni la dawa ya kupulizia mikorosho na bati alilopanga kuezekea nyumba, vyote vinategemea karatasi aliyoikunja na kuitia mfukoni.

Uzito, daraja na karatasi si mambo yaliyoanzia Kusini mwa Tanzania. Sehemu kubwa ya utaratibu huo ilikomaa zaidi ya miaka 150 iliyopita kwenye kingo za mto mmoja mfupi na mchafu nchini Marekani, Mto Chicago. Huko ndiko wakulima walikoonja kwanza utamu wa stakabadhi ya ghala, na ndiko walikokuja kuonja uchungu wake.

Mto mdogo, shamba kubwa

Kwa mtu aliyezoea Rufiji au Tana, Mto Chicago ni kama kijito. Sehemu yake kuu haifiki kilometa tatu. Matawi mawili, moja la kaskazini na jingine la kusini, hukutana katikati ya jiji na kufanya umbo la herufi Y. Enzi hizo maji yake yalitambaa polepole kuelekea mashariki na kuingia Ziwa Michigan.

Thamani ya mto huo ilikuwa mahali ulipo. Mashariki yake kuna maziwa makuu ya Amerika ya Kaskazini, ambayo kuanzia mwaka 1825 yaliunganishwa na New York kwa Mfereji wa Erie. Magharibi yake kuna mbuga tambarare zenye udongo mweusi wenye rutuba, na kilometa chache tu za ardhi ya majimaji ziliutenga mto huo na mito inayoelekea Mississippi hadi Ghuba ya Meksiko. Aliyeshika mdomo wa mto huo alishika mlango wa shamba kubwa.

Mtu wa kwanza asiye mzawa kujenga makazi ya kudumu mahali hapo alikuwa mtu mweusi, Jean Baptiste Point du Sable, anayeaminika kuwa na asili ya Haiti. Alikuwa mfanyabiashara na mkulima, na mkewe alitoka katika kabila la Wapotawatomi, wenyeji wa eneo hilo. Alipouza mali yake mwaka 1800, orodha yake ilikuwa na nyumba, mazizi, kinu cha kusagia, chumba cha kuokea mikate, chumba cha maziwa, ng'ombe, nguruwe na kuku. Biashara ya mto huo, kwa hiyo, ilianza na mazao ya shamba.

Mwaka 1833 Wapotawatomi walilazimishwa kuachia ardhi yao kwa mkataba, na walowezi wakamiminika. Mwaka uliofuata fungu la mchanga lililoziba mdomo wa mto likakatwa ili vyombo viweze kuingia. Chicago ilipopewa hadhi ya jiji mwaka 1837, ilikuwa na wakazi 4,000 hivi.

Mwaka uliobadili kila kitu ni 1848. Mwezi Aprili ulifunguliwa Mfereji wa Illinois na Michigan, wenye urefu wa kilometa 155 hivi, uliochimbwa kwa mikono na vibarua ambao wengi wao walikuwa wahamiaji kutoka Ireland. Mashua bapa zilizokokotwa na nyumbu waliotembea ukingoni zikaanza kuleta mahindi na ngano kutoka bara. Mwaka huohuo garimoshi la kwanza lilianza safari, ghala la kwanza la nafaka linaloendeshwa kwa mvuke likajengwa mtoni, na wafanyabiashara 82 wakaanzisha Chicago Board of Trade, yaani Bodi ya Biashara ya Chicago.

Enzi za gunia

Kabla ya hapo, mkulima wa mbugani alipakia ngano yake katika magunia, akayapanga kwenye mkokoteni na kukata tope siku kadhaa hadi mjini. Akifika, alimkuta mnunuzi anayejua vyema kwamba mkulima hawezi kugeuza mkokoteni na kurudi na mzigo. Bei ikawa ya mnunuzi.

Hata baada ya kuuzwa, gunia lilibaki gunia. Makuli walilishusha kwa mabega, wakalipandisha jahazini, wakalishusha tena bandari iliyofuata. Kila gunia lilijulikana ni la nani na limetoka wapi, na kwa sababu hiyo mnunuzi alilazimika kulifungua, kuchota kiganja na kutazama kabla ya kutaja bei. Kazi hiyo ilikula muda na fedha, na gharama yake ilirudi kwa aliyelima.

Wakulima wa Afrika Mashariki wanaijua vizuri biashara ya namna hii. Gunia la lumbesa, lile linalojazwa hadi kushonewa kilemba juu, bado ni kilio cha wakulima wa viazi na vitunguu, ingawa sheria za vipimo zinalikataza. Mazao yakiuzwa kwa gunia badala ya kilo, mwenye nguvu ndiye anayeamua gunia limejaa lini.

Gunia linafunguliwa

Ghala la mvuke lilimaliza biashara ya gunia mtoni Chicago. Lilikuwa jengo refu kama mnara, lililosimama ukingoni, upande mmoja reli na upande mwingine maji. Ndani yake mkanda mrefu wenye ndoo ndogo ulizungushwa na injini, ukachota nafaka kutoka kwenye behewa au mashua na kuipandisha juu kabisa. Huko ilipimwa kwenye mizani, kisha ikamwagwa katika vihenge virefu. Meli ilipofika, mlango wa kihenge ulifunguliwa na ngano ikateremka kwa bomba hadi tumboni mwa chombo, bila kuli kuweka hata gunia moja begani.

Lakini mashine hiyo ilifanya kazi kwa faida pale tu nafaka ilipomiminwa kama maji. Haikuwezekana kumtengea kila mkulima kihenge chake. Ngano ya huyu ilipaswa kuchanganywa na ya yule. Hapo likazuka swali gumu: mtu akileta ngano safi na jirani yake akaleta yenye pumba na unyevu, nani atapata nini?

Bodi ya Biashara ililijibu hatua kwa hatua. Mwaka 1854 ilisimamia busheli, kipimo cha nafaka cha Wamarekani, ihesabiwe kwa uzito na si kwa ujazo wa pishi. Busheli moja ya ngano ikawa kilo 27 na ushee. Mwaka 1856 iliigawa ngano katika aina tatu: nyeupe ya majira ya baridi, nyekundu ya majira ya baridi, na ile inayopandwa baridi inapokwisha. Baadaye yakafuata madaraja ndani ya kila aina, kwa kuangalia usafi, unyevu na uzito wa punje, pamoja na wakaguzi wa kuyasimamia.

Tangu hapo mwenye ngano alipewa stakabadhi yenye kutaja kiasi na daraja. Hakuwa tena na haki ya kudai ngano ileile aliyoileta. Alikuwa na haki ya kupewa kiasi kilekile cha ngano ya daraja lilelile. Tofauti hiyo inaonekana ndogo, lakini ndiyo iliyoigeuza karatasi kuwa mali. Mtu aliweza kuiuza bila kugusa punje moja, au kuipeleka benki akakopeshwa.

Manufaa yake yalionekana zaidi wakati wa baridi kali. Kwa miezi kadhaa barafu ilifunga njia ya ziwa na meli hazikutembea, wakati mavuno ya vuli yalikuwa tayari yamefika. Bila mkopo, mwenye nafaka angelazimika kuuza kwa bei ya kutupa. Akiwa na stakabadhi, aliweza kungoja barafu iyeyuke.

Hapohapo ndipo ulipochipua uuzaji wa mazao yatakayofika baadaye. Mkataba unaotajwa mara nyingi kuwa wa kwanza kuandikwa Chicago ni wa Machi 13, 1851, wa busheli 3,000 za mahindi ya kukabidhiwa mwezi Juni, kwa senti moja chini ya bei ya siku ile. Mwaka 1865 bodi iliweka kanuni rasmi za mikataba ya aina hiyo. Waliokuwa wakiuziana ngano iliyomo ghalani sasa wakawa wanauziana hata ile isiyovunwa.

Maisha ya ukingoni

Pamoja na karatasi hizo zote, mto wenyewe ulikuwa mahali pa jasho. Vita vya Crimea vya mwaka 1853 hadi 1856 vilipovuruga ngano ya Urusi, Ulaya iligeukia ngano ya Amerika, na majahazi yakafurika Chicago. Kufikia mwaka 1871, vyombo vilivyofika Chicago vilikuwa vingi kuliko vya New York, Philadelphia na Baltimore kwa pamoja. Vyote hivyo vilipita katika mto usiofika kilometa tatu na matawi yake mawili.

Majahazi yalivutwa na boti za mvuke, moja nyuma ya jingine, huku filimbi zikilia kuomba daraja lifunguliwe. Madaraja ya Chicago yalizunguka juu ya nguzo iliyokuwa katikati ya mto. Daraja likizunguka kupisha chombo, mikokoteni, wafanyakazi na wenye haraka zao walikwama pande zote mbili. Malalamiko yalizidi hadi jiji likaweka sheria ya dakika ambazo daraja linaruhusiwa kukaa wazi. Mwaka 1863 kundi la ng'ombe liliswagwa kwenye daraja la Rush Street, uzito ukaegemea upande mmoja, daraja likavunjika na wanyama wakatumbukia majini.

Tawi la kusini lilikuwa la mbao. Misonobari iliyokatwa Michigan na Wisconsin ilikuja kwa maji na kurundikwa ukingoni kwa kilometa kadhaa, na Chicago ikawa soko kubwa kuliko yote duniani la mbao. Siri ilikuwa mzigo wa kurudia. Mbugani hakukuwa na miti, hivyo mabehewa yaliyoleta nafaka mjini yalirudi bara yakiwa na mbao za nyumba, maghala na uzio. Mkulima aliuza ngano na kununua mbao mtoni, na reli ikalipwa njia zote mbili.

Upande wa kusini wa mto mkuu ulikuwa na South Water Street, mtaa wa matunda, mboga, siagi, mayai na kuku. Alfajiri mikokoteni ilibanana kiasi kwamba mtembea kwa miguu alitafuta upenyo. Madalali wa mtaa huo walipokea mazao ya wakulima wa mbali na kuuza kwa kamisheni, na mkulima alisubiri barua kumweleza amepata kiasi gani.

Kisha kulikuwa na nyama. Siku ya Krismasi mwaka 1865 lilifunguliwa soko kubwa la mifugo la Union Stock Yards, kusini mwa jiji. Wakulima wengi waliona ni nafuu kuyapitisha mahindi kwenye tumbo la nguruwe kuliko kuyasafirisha kama nafaka, kwa kuwa kilo ya nyama ilibeba thamani kubwa zaidi kwenye behewa. Lakini damu na matumbo kutoka machinjioni viliishia kwenye kijito cha tawi la kusini. Uozo ulitoa gesi, maji yakatoa mapovu kama chungu jikoni, na wakazi wakakiita Bubbly Creek, kijito cha mapovu.

Uchafu huo ulitiririka hadi ziwani, ambako ndiko jiji lilikochota maji ya kunywa. Magonjwa ya tumbo yaliua watu wengi. Januari 2, 1900 jiji lilifungua mfereji mpya wa kilometa 45 na kuugeuza mto, maji yakaanza kukimbia kutoka ziwani kuelekea Mississippi. Chicago ikapona, lakini watu wa St. Louis walioko chini walikwenda mahakamani kulalamika kwamba sasa taka zinawafuata wao.

Mwenye ghala anapokuwa mfalme

Tatizo la mkulima halikuwa uchafu wa mto peke yake. Alikuwa amekabidhi ngano asiyoweza kuitambua tena, kwa mtu mwenye mizani, mwenye vihenge na mwenye kuandika stakabadhi. Malalamiko yakaanza. Wakulima walidai kwamba mizani inapunja na kwamba ngano yao inashushwa daraja inapoingia. Walidai pia kwamba ndani ya ghala ngano nzuri inachanganywa na mbovu hadi ifikie kiwango cha chini kabisa cha daraja la juu, kisha inauzwa kwa bei ya daraja hilo. Tofauti ilibaki kwa mwenye ghala.

Kuhama ghala hakukuwezekana. Kampuni za reli zilikuwa na mapatano na wenye maghala, na behewa lilipeleka mzigo kwenye ghala la rafiki. Kumbukumbu za mahakama zinaonyesha kwamba mwaka 1874 Chicago ilikuwa na maghala 14 ya aina hiyo yaliyodhibitiwa na kampuni tisa, na kampuni hizo zilikaa pamoja kila mwaka kupanga ada ya kuhifadhi.

Wakulima wa Illinois walijipanga. Katiba ya jimbo ya mwaka 1870 iliweka ibara maalumu kuhusu maghala ya nafaka, na mwaka 1871 ikatungwa sheria iliyowataka wenye maghala kuwa na leseni, ikaweka ukomo wa ada wa senti mbili kwa busheli kwa siku 30 za kwanza, na kuunda tume ya serikali ya kusimamia reli na maghala. Oktoba mwaka huo moto mkubwa uliteketeza sehemu kubwa ya jiji, yakiwemo maghala kadhaa ya mtoni. Watu wapatao 300 walikufa na karibu 100,000 walibaki bila makazi.

Wenye maghala wawili, Ira Munn na George Scott, walikataa kuchukua leseni, wakatozwa faini ya dola 100, wakakata rufaa. Kesi ikiwa bado inaendelea, mwaka 1872 mambo yao yalifichuka. Stakabadhi walizotoa zilizidi nafaka waliyokuwa nayo. Vihenge vingine vilikuwa vimefunikwa kwa mbao karibu na juu, kisha nafaka ikamwagwa juu ya mbao hizo ili anayechungulia adhani vimejaa. Wawili hao walifilisika na kufukuzwa kwenye Bodi ya Biashara.

Machi 1, 1877 Mahakama Kuu ya Marekani ilitoa hukumu. Jaji Mkuu Morrison Waite alieleza kwamba mali binafsi ikitumika katika jambo linalogusa maslahi ya umma, umma nao una haki ya kuisimamia. Mwenye ghala aliyekaa mlangoni mwa biashara ya watu wote hakuweza kudai kwamba ghala ni lake na aachwe atoze anavyotaka. Hukumu hiyo imebaki kuwa nguzo katika sheria za biashara za nchi hiyo.

Meli zinaukimbia mto

Mto uliozaa utajiri huo haukuweza kuushikilia. Meli za chuma zilikuwa kubwa mno kwa kona na madaraja yake, na viwanda na maghala mapya vikahamia Mto Calumet, kusini zaidi. Watu waliotembelea mto kwa starehe nao walipata msiba wao. Julai 24, 1915 meli ya abiria Eastland, iliyojaa wafanyakazi wa kiwanda na familia zao waliokuwa wakienda matembezi, ilipinduka ikiwa bado imefungwa gatini. Watu 844 walikufa, mita chache kutoka nchi kavu.

Soko la South Water Street lilihamishwa mwaka 1925 na barabara kubwa ya ghorofa mbili ikajengwa mahali pake. Leo mto huo umezungukwa na majumba marefu, na boti zinazopita zimebeba watalii. Mwaka 2015 madalali waliozoea kupiga kelele na kuonyeshana vidole katika ukumbi wa nafaka walifungiwa sehemu kubwa ya uwanja wao, kompyuta zikachukua nafasi. Hata hivyo bei ya ngano inayotajwa Chicago bado inasikika duniani kote. Tanzania na Kenya huagiza ngano nyingi kutoka nje, hivyo hata bei ya chapati ya Kariakoo au Kongowea haiko mbali sana na soko hilo.

Karatasi iliyo mfukoni

Tanzania ilitunga Sheria ya Stakabadhi za Ghala mwaka 2005, na msimu wa 2007/2008 utaratibu huo ukaanza kutumika kwenye korosho. Baadaye umeingia katika ufuta, mbaazi na mazao mengine. Uganda ilitunga sheria yake mwaka 2006 na Kenya mwaka 2019. Shabaha ni ileile ya Chicago: mkulima asiuze kwa njaa, apate bei ya mnada na aepukane na mnunuzi wa kangomba anayemfuata nyumbani kabla ya msimu.

Malalamiko nayo yana sura ileile. Kwa nyakati tofauti wakulima wamelalamikia makato wasiyoyaelewa, korosho kushushwa daraja na malipo kuchelewa. Aprili 2013 wilayani Liwale, mkoani Lindi, hasira juu ya malipo ya korosho ziligeuka vurugu na nyumba zikachomwa moto. Wapo wanaohitimisha kwamba mfumo haufai na ni heri kurudi kwenye gunia na mnunuzi wa mlangoni.

Historia ya Mto Chicago haiungi mkono hitimisho hilo. Mkulima wa Illinois hakudai arudishiwe gunia lake. Alidai mizani isimamiwe na mtu asiyefaidika na upungufu, daraja lipangwe na mkaguzi asiyelipwa na mwenye ghala, ada ijulikane mapema, na ghala lifunguliwe kuhakikisha kwamba kilichoandikwa kimo. Ilimchukua miaka 29, kuanzia ghala la kwanza la mvuke hadi hukumu ya mwaka 1877, kupata nguvu ya kisheria ya kudai hayo.

Mkulima wa Mtwara anayo sheria tayari. Mkutano mkuu wa chama chake cha msingi ndio mahali pake pa kwanza pa kuuliza nani amekagua mizani msimu huu, nani ameingia ghalani kuhesabu, na makato yaliyo kwenye stakabadhi yake yamekwenda wapi. Ghala ambalo wenye mali hawaruhusiwi kuchungulia ndani, linaweza kuwa na mbao chini ya nafaka.